Konzi Nne za Volero

Hapa kwetu Corniva, mtu akiharibu kazi haambiwi ameharibu. Anaambiwa, "Umefanya ya Volero." Ukuta wa fundi ukidondoka, ya Volero. Mkate ukikataa kuumuka, ya Volero. Watoto wa juzi, ambao huyo Volero hawakumwona hata kivuli, wanalisema neno hilo huku kamasi zinawatoka. Mimi ni Tossia, mjane wake, na nimelisikia miaka ishirini na miwili nikanyamaza. Lakini mwezi uliopita, kisimani, mwanangu Vopisko aliangusha ndoo ya jirani. Jirani akamwambia neno lile lile usoni, na Vopisko akacheka. Mtoto wa Volero mwenyewe, wa kumzaa, akacheka. Nikarudi nyumbani bila maji.

Basi kaeni niwaeleze. Na sitaanza na alivyokufa, maana hapo ndipo kila mtu anapoanzia, na ndiyo sababu hamna mnachokijua.

Volero alikuwa mtunza kuku. Anayetaka kucheka acheke sasa, amalize. Hawakuwa kuku wa kuchinja, walikuwa kuku wa mji, wale ambao jeshi haliinui mguu mpaka wao wale. Alfajiri mkuu wa jeshi anakaa kitini, kichwa kimefunikwa vazi. Anauliza, "Kuna ukimya?" Mtunza kuku anajibu, "Ukimya upo." Kizimba kinafunguliwa, vidonge vya uji mkavu vinatupwa chini. Kuku wakitoka mbio, wakala mpaka makombo yanadondoka midomoni, hiyo ni ndege njema, watu wanashika mikuki. Wakikataa kutoka, watu wanarudi kulala. Na kikisikika chochote katikati, hata panya, basi yote yameharibika, mnaanza upya.

Sasa, ujanja wa kazi hii kila mtu anaujua. Kuku mwenye njaa hula. Watunza kuku wa miji mingine huwanyima siku nzima, kukicha kuku wanataka kula hadi kamba za viatu vya mkuu, na mkuu anafurahi kwa kuwa ameambiwa alichotaka kuambiwa. Volero hakuwahi. Kila jioni, jua likianza kuinama, aliwapa konzi nne za unga kwa kuku wanne, hazipungui, hazizidi. Nilipomuuliza kwa nini anajitesa hivyo alisema, "Nikiwanyima nitakuwa nimeyauliza matumbo yao. Mimi nimetumwa niiulize miungu."

Alikuwa na mwenzake kazini, Sertor, mtu mnene wa mizaha, ambaye mpaka leo huniita shemeji. Siku moja Sertor alisimama akiangalia zile konzi nne zinavyopimwa, akasema, "Volero, hawa wanakula vizuri kuliko mimi. Mwakani nitaomba niwe kuku."

"Hutafaa," Volero akamjibu bila kugeuka. "Kuku akishiba huacha."

Ndivyo alivyokuwa. Maneno machache, na masikio makubwa yaliyotoka pembeni, ambayo kina shangazi zangu waliyasimanga tangu siku aliyokuja kuposa. Na masikio yale hayakuwa ya pambo. Siku ya harusi yetu, uani kwa baba, ishara zilianza kutazamwa, ikaulizwa kama kuna ukimya. Mjomba wangu akajibu upo. Volero, bwana harusi, taji la maua kichwani, akasema, "Haupo. Panya amelia."

Baba akamtazama. "Panya gani, mkwe?"

"Yuko nyuma ya mtungi wa zeituni."

Hakuna mwingine aliyemsikia. Tukaanza upya. Mara ya pili, panya yule yule. Nguruwe wa karamu kishaiva, sasa anakauka, wageni wanatafuna ndimi zao. Mama akaninong'oneza, "Huyu hataki kuoa, anatafuta mlango wa kutokea." Mara ya tatu ndipo panya akanyamaza, tukafungishwa. Kwa miaka mingi wakaniita Mke wa Mara Tatu. Kesho yake nilimkabili, nikamwambia, "Ungekaa kimya ungekufa?" Akasema, "Nisingekufa. Lakini siku mtoto wetu akiugua ungeniuliza kama ndoa ilianza vizuri, na mimi ningekuwa najua."

Tulizaa mapacha. Mmoja hakufika jioni. Aliyebaki tukampa jina ambalo kwetu hupewa pacha aliyebaki, Vopisko, na baada yake tumbo langu halikushika tena. Yule ndiye aliyekuwa mtoto wangu pekee. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, na mimi niliujua mara mbili kwa siku moja. Naomba mlikumbuke hilo mtakaposikia nilichofanya.

Alipofika miaka kumi na minane, Vopisko alipelekwa na wenzake arobaini kulinda ngome ya Aspra, ile inayoonekana juu ya kilima ng'ambo ya mto. Mwanzoni mwa kiangazi watu wa milimani wakashuka, wakaizunguka. Ndani hakuna kisima, kuna tangi la mvua tu, na mvua haikuwepo. Kila adhuhuri vijana walituwashia moshi. Moshi mmoja maana yake tupo. Mioshi miwili maana yake maji yamekwisha. Sisi wanawake tulikuwa tunapanda ukutani kabla ya wakati, tunakaa juani, tunangoja. Siku tano ulikuwa moshi mmoja. Siku ya sita ilipanda mioshi miwili.

Jeshi lilikuwa limepiga kambi chini ya ukuta, watu mia nane, chini ya Fadenio, mkuu wa mwaka ule. Mtu mgumu, si mbaya. Kwa kuwa kambini kulikuwa na kelele, kizimba kiliwekwa uani kwangu, karibu na lango. Fadenio alipoona mioshi miwili akatangaza kwamba kesho alfajiri kuku watatazamwa, na wakila, mto utavukwa.

Mchana ule Sertor akaja kwetu. Safari hii hakuwa na mzaha. "Volero, leo usiwape kitu. Leo tu. Mwanao yuko kule juu."

"Najua alipo."

"Sasa?"

"Sasa nini?"

Nilikuwa mlangoni. Nikasema, "Baba Vopisko, msikilize shemeji."

Akanigeukia. "Tossia, hapo chini kuna watoto wa watu mia nane. Kama safari hii imekataliwa, na mimi nikawalaghai kuku, nitakuwa nimewapeleka wote kufa ili niende kumchukua wangu. Nitawaangalia mama zao kwa macho gani?"

Nikamjibu vibaya. Nilimwambia ana masikio lakini hana moyo. Jua lilipoinama alipima konzi zake nne, kuku wakala, halafu akachukua mtungi akaenda mtoni kuwachotea maji safi na kuoga, kama afanyavyo kila mkesha wa ishara.

Nikabaki mimi na kizimba. Ndani ya nyumba nilikuwa na bakuli la shayiri niliyoikaanga na asali. Nilimtengenezea Vopisko. Tangu mdogo alikuwa anaila hadi anaramba vidole, na nilitaka askari mmoja ampelekee jeshi likienda. Nikawaza hivi: mama yangu, mbuzi akigoma kukamuliwa, alikuwa anamwonjesha kitu kitamu jioni, na asubuhi mbuzi anakuja mwenyewe. Nami nitawaonjesha hawa, kidogo, ncha ya vidole. Kesho mlango ukifunguliwa watakumbuka, watatoka wakikimbia. Hakuna atakayenyimwa chakula, hakuna uongo. Ndivyo nilivyojidanganya.

Nikampa Kipara, kuku mzee asiye na manyoya shingoni. Akala, akainua kichwa akanitazama kwa jicho moja. Nikampa tena. Wakaja wengine, na yule jogoo tuliyemwita Hakimu, wakapitisha midomo kwenye fito. Wameshiba, ndiyo, lakini nani kati yenu aliyeshiba akaletewa kitamu akakikataa? Nilikuwa nalia. Nilikuwa nasema, kula baba, kula mwanangu, na mkono haukusimama. Mkono ule ulikuwa unamlisha Vopisko. Nilipotazama, bakuli lilikuwa tupu, na Volero alikuwa anapanda njia na mtungi begani. Nikaenda kuliosha.

Alfajiri nilikuwa ukutani na wenzangu. Chini, mia nane wamesimama na silaha. Fadenio kitini, kichwa kimefunikwa, kizimba kimeletwa mbele yake.

"Kuna ukimya?"

"Ukimya upo," Volero akajibu, na yeye akijibu hivyo mjue hata mdudu alikuwa amelala.

"Niambie kama wanakula."

Akafungua. Akatupa uji. Kipara akaja hadi mlangoni, akauangalia ule uji, akakaa chini. Hakimu akaingiza kichwa ubawani. Wale wawili wengine hawakusogea. Tulingoja. Nilimwona Sertor akimsogelea mume wangu, akasema kitu bila kufungua midomo, na hakuna asiyejua alisema nini. Maana desturi ni hii: linaloshikwa ni neno la mtunza kuku. Akisema wanakula, kwa mkuu wamekula, jeshi linaondoka salama, na kama ni uongo, uongo unamrudia yeye aliyeusema, kichwani kwake peke yake. Neno moja tu lilitakiwa. Mtoto wake alikuwa kule juu bila maji.

Volero akasema, "Hawali." Alilisema kwa sauti iliyotufikia ukutani.

Fadenio akasimama, akafunua kichwa. "Miungu imeikataa safari. Kesho tunavunja kambi, tunaingia kulinda kuta."

Mtu mmoja akauliza, "Na wale wa Aspra?" Fadenio akaingia hemani. Mwanamke aliyekuwa kando yangu akaanza kulia kilio cha msiba, na mwanawe bado yu hai.

Nilishuka sijui kwa miguu ya nani. Nikamkuta Volero uani anakiweka kizimba kivulini, taratibu, kama siku zote. Nikamwambia, "Nimewalisha mimi. Jana, ulipokwenda mtoni."

Akanyanyua uso. "Uliwapa nini?"

"Shayiri ya asali."

"Kiasi gani?"

"Bakuli zima."

Akamtoa Kipara, akampapasa chini ya shingo, pale chakula kinapokaa. Akamrudisha, akafunga, akaketi kizingitini. Nilingoja anipige, maana ningestahili, ingawa hakuwahi kuninyooshea mkono. Badala yake akajifunika uso na viganja, mabega yakaanza kutikisika. Miaka yote ya ndoa sikuwahi kumwona analia, hata siku ya pacha.

"Heri, Tossia," akasema.

"Heri nini?"

"Heri ilikuwa wewe. Mimi nilidhani miungu imemkataa mtoto. Nilipolisema lile neno nilidhani namzika."

Nikamwambia nitakwenda kwa mkuu mwenyewe, niseme. Akapangusa uso. "Hutakwenda. Mwanamke aliyewagusa kuku wa jeshi hutupwa kutoka mwambani, haulizwi mara mbili. Mtoto akirudi atapikiwa na nani?"

"Na wewe je?"

"Kizimba ni changu," akasema. Akainuka, akaenda kunawa, akavaa vazi lake jeupe.

Yaliyosemwa hemani nilisimuliwa na Sertor, aliyekuwa mlangoni. Volero aliingia akasema, "Mkuu, ya leo haikuwa ishara. Kuku walishibishwa jana, walikuwa wamejaa hadi shingoni. Naomba kesho tuanze upya."

"Nani aliwashibisha?"

"Kizimba ni changu, mkuu."

"Nimekuuliza nani."

"Nami nimekujibu mwenye dhamana ni nani."

Sertor anasema Fadenio alimtazama kwa muda mrefu, na kwamba huenda alielewa, maana naye ana mke. Lakini jeshi zima lilikuwa linasikiliza nje ya hema. Akasema, "Adhabu unaijua."

"Naijua. Mtunza kuku mwenye doa hutembea mbele ya wote, bila ngao, miungu iamue. Nitatembea. Ila ishara ianze upya."

Angalieni basi. Hata saa ile hakusema uongo. Aliulizwa nani, akasema kizimba ni cha nani, na kilikuwa chake kweli. Nimewahi kulitafuta neno moja la uongo katika maisha ya mtu yule, kwa hasira, ili tulingane, na sikulipata.

Adhuhuri mioshi miwili ilipanda tena, myembamba. Wasemaji walikwisha kuanza kazi: Volero kawalisha kuku hadi wakagoma, Volero katupotezea siku, na vijana wanakauka kule. Nilipita katikati yao na kapu langu, nimefumba mdomo. Siri ya mtungi aijuaye kata, na kata nilikuwa mimi.

Jua likainama. Akatoka na kipimo chake. Nikapiga magoti pale uani, nawaambia ukweli, nikamshika miguu. "Baba Vopisko, leo wanyime. Nimekosa, nimekuua, najua. Lakini leo wanyime."

"Konzi nne," akasema.

"Wewe ni mtu wa namna gani?"

"Wa konzi nne." Akainama akanishika kichwa kwa mkono ule uliojaa unga, nywele zangu zote zikawa nyeupe. Halafu akawapa, moja, mbili, tatu, nne, na safari hii hakwenda mtoni. Alimtuma Sertor, yeye akakaa nami mlangoni, bega kwa bega. Nilimchukia na kumpenda kwa pumzi ile ile, na sijawahi kumpenda mtu namna ile tena.

Alfajiri mkuu akauliza, Volero akajibu, mlango ukafunguka. Kipara alitoka akamruka Hakimu. Walikula, makombo yakadondoka, yakaruka juu ya udongo. "Wanakula," Volero akasema, na mia nane wakapiga ngao. Akafunga kizimba, akamkabidhi Sertor kipingo cha mlango, akaenda kusimama mbele. Aliingia mtoni wa kwanza, mikono mitupu. Katikati ya maji akasimama kidogo akatega sikio upande wetu, kama aliyesikia kitu. Nilikuwa nimemwita, lakini kimoyomoyo.

Mkuki ulimpata kwenye kona ya kwanza ya mlima, kutoka vichakani. Fadenio alipaza sauti kwamba miungu imempata mwenye kosa, deni limekwisha, sasa twendeni. Watu wakapata moyo wakapanda mbio. Kabla ya adhuhuri Aspra ilikuwa wazi. Na mpaka leo watu wa mji wanautaja mkuki ule kuwa ndio ushahidi. Ushahidi wa nini? Mtu akitangulizwa bila ngao mbele ya watu wenye mikuki atapigwa. Hapo hapahitaji mungu.

Kati ya vijana arobaini na mmoja walishuka thelathini na wanane. Vopisko aliletwa amebebwa, midomo imepasuka, ulimi umevimba. Nilimtonesha maji kwa kitambaa. Neno lake la kwanza lilikuwa, "Mettio amekufa jana mchana." Yeye na Mettio walikua pamoja, wakiiba tini pamoja. Alimfia mikononi, kwa kiu, siku ile iliyopotea. Kisha majirani wakamweleza nani aliyeipoteza siku ile. Nilikuwa nimeshika kitambaa. Ilinipasa niseme pale pale.

Sikusema. Mwanzoni niliogopa mwamba. Fadenio alipokufa na mambo yakapoa, niliogopa macho ya Vopisko. Volero alinikataza kwenda kwa mkuu tu; kumwambia mtoto hakunikataza, wala hakuniomba. Aliniachia, na mimi nikakaa nayo miaka ishirini na miwili, nikimwona mtoto anajenga nyumba, anaoa, anazaa binti wawili, na hamtaji baba yake hata kwa bahati mbaya.

Wiki iliyopita zilikuwa siku za kuwalisha wafu. Tulitoka njia ya makaburi kama wengine, asubuhi, na vikapu. Nikaweka kigae changu: mkate uliolowekwa divai, chumvi kidogo, maua ya urujuani. Vopisko alimwaga divai yake kwa haraka, kama mtu anayemwaga maji ya kunawia, akageuka kuangalia barabara. Mkewe alikuwa akiwapa mabinti jibini.

Nikasema, "Vopisko, kaa chini. Baba yako hakuwalisha kuku. Niliwalisha mimi."

Nikasema yote. Asali, bakuli, mkono ambao haukusimama, kizingiti, heri. Mkewe alikuwa ameacha kutafuna. Vopisko alikaa ametazama jiwe la kaburi, na swali lake la kwanza lilikuwa dogo.

"Ile shayiri ilikuwa yangu?"

"Yako. Nilikutengenezea wewe."

Akaweka kiganja juu ya jiwe. "Nimemcheka baba miaka yote hii, mama."

"Ulimcheka asiyestahili. Nicheke mimi."

"Na Mettio?"

"Mettio ni wangu," nikasema. "Mama yake alikufa hajui. Hilo nitakwenda nalo mpaka kwa wafu, nikamwambie mwenyewe."

Akainuka akaondoka. Sikumwita. Nilijua amekwenda nyumbani, na nilijua ana haki. Mjukuu mkubwa akauliza kama baba amekasirika, mama yake akamwambia ale.

Halafu nikamwona anarudi. Alikuwa ametoka makaburi ya jirani, kwa watu waliokuwa wakila, na kiganjani amebeba uji mkavu, ameomba. Akapiga magoti mbele ya jiwe. Akavuta vazi akafunika kichwa, kama wakuu wanavyofanya. Mabinti wakasogea wakaacha kucheza. Mwanangu mwenye miaka arobaini akauliza, "Kuna ukimya?"

Zamu ya kujibu ilikuwa yangu. Nikatega sikio. Barabara ilikuwa tupu, wajukuu wamebana pumzi, na jibu nilikuwa nalo mdomoni, nilikuwa nalitaka kuliko kitu chochote. Ndipo nyuma ya jiwe, kwenye majani makavu, kikasikika kisauti kidogo, chembamba. Niliwatazama wote. Hakuna aliyekuwa amekisikia ila mimi.

"Haupo, mwanangu," nikasema. "Panya amelia. Anza upya."

Vopisko akainua uso, machozi yamemjaa hadi kwenye ndevu. Akavuta tena vazi kichwani, akaanza upya.